Treni Iliyopita Garsen

Petroli ikidondokea chuma cha moto hutoa harufu ambayo mimi huiona tamu kuliko udi. Juzi mkulima mmoja wa Minjila aliniletea jenereta yake inayokohoa, nikaifungua mwenyewe ingawa nina vijana wa kufanya kazi hiyo, kwa sababu injini ikiwashinda wengine Garsen hii, huletwa kwangu. Nikavuta kamba, kabureta ikafurika, harufu ikapanda. Na pale jirani kulikuwa na mama anakaanga kambare. Petroli na kambare kwa pamoja! Nilisimama na spana mkononi kama mtu aliyeitwa kwa jina lake la utotoni.

Niseme mapema kwamba mimi shule niliiacha kabla haijaniacha. Lakini pampu za maji zinazonywesha mashamba kutoka Kulesa kushuka chini, nyingi zimepita mikononi mwangu, na nyumba yangu ina vigae. Sijisifu. Nyumba iko kando ya barabara, nenda kaitazame. Ninachotaka kusema ni kwamba yapo mambo makubwa niliyoyafanya nikiwa bado na magamba ya tope miguuni, na moja nililifanya bila kujua. Lilianzia kwenye harufu hiyo, katika banda la video la Mzee Bakari.

Wenzangu wa rika langu mnalikumbuka. Kuta za makuti, paa la mabati, na matundu yote yamezibwa kwa magunia ili mchana uwe giza. Jenereta ilikaa nyuma ikinguruma, moshi wake ukiingia ndani ukitafuta pa kukaa kama sisi. Mto ulikuwa umerudi kitandani mwake majuzi tu. Yale mafuriko makubwa yalikuwa yamezoa migomba, mbuzi na vyoo, na watu walikuwa bado wanatembea kama waliotoka ugonjwani. Basi banda likawa dawa. Mtu aliyepoteza shamba lake anakaa kwenye benchi anamwangalia Mchina anapiga watu mateke, anarudi nyumbani amepoa.

Mimi nilikuwa naingia bure kwa heshima ya Mjomba Buya, mdogo wake mama, ambaye mimi na yeye tuliishi kwa nyanya. Mafuriko yalimchukulia mtumbwi na shamba alilokuwa akilima, akabaki na mdomo. Na mdomo wenyewe, jamani. Alisimama kando ya televisheni na fimbo mkononi akatafsiri kila kitu, Kihindi, Kichina, Kizungu. Aliwahi kubeba mizigo bandarini Mombasa kwa muda mfupi, akarudi akisema mabaharia wamemfundisha lugha zote za dunia. Watu wazima walijua ni porojo na walikuwa wakilipia porojo hiyo hiyo. Mimi niliamini neno kwa neno. Niliwaambia watoto wa shule kwamba mjomba wangu akitaka anaweza kwenda Uchina kesho akawe chifu.

Siku moja Mzee Bakari alirudi Mombasa na kanda tatu mpya. Alikuwa mtu wa Kipini, mzee wa kofia safi, na alizinunua akidhani ni karate, kwa vile maandishi ya juu yalifanana na ya zile za karate. Mkanda ukaingia, picha ikatokea, na banda zima likaguna. Ilikuwa katuni. Watu wa kuchorwa, macho makubwa kama ya bundi, wamevaa sare za shule ya upili. Hakuna upanga, hakuna teke. Ni wanafunzi tu, wanakimbia wamechelewa, mmoja ana mkate mdomoni.

“Mtezo gani hunu?” akasema Mzee Bakari kwa Kiswahili chake cha Kipini, na uso umemshuka.

Wanaume wakaanza kuinuka. Ndipo mjomba akainua fimbo akasema tulieni, haya ni mapenzi ya shule, na huyu kijana mnayemwona ana siri nzito kuliko gunia la chumvi. Watu wakakaa.

Sisi wote tulisema ni Wachina. Miaka mingi baadaye ndipo nilipojua ni Wajapani, lakini wakati huo hata kama wangekuwa watu wa Witu ingekuwa sawa kwangu. Mvulana tulimpa jina Bwana Kimya, kwa sababu kila akitaka kumwambia msichana neno, linamkwama. Msichana alikuwa na nywele za kijani, basi akaitwa Majani. Hadithi yenyewe ni hiyo tu. Anampenda, naye anapendwa, wote wawili wanajua, shule nzima inajua, na hakuna anayesema.

Utamu wake nitauelezaje? Kwanza, hakuna mtu aliyekufa. Sisi tulikuwa tumetoka kuona ng'ombe wanaelea matumbo juu, kwa hiyo kukaa mchana mzima mahali ambapo msiba mkubwa ni mwavuli uliosahauliwa, ilikuwa kama kunywa uji wa sukari. Pili, ilichekesha. Bwana Kimya akijikwaa alimwangukia msichana kila mara, hata uwanja ukiwa mtupu, na kila mara alikula kofi lililomrusha mpaka mawinguni. Watu wazima waliokuwa wamefiwa walicheka wakashika mbavu. Tatu, rangi. Sisi tulikuwa tumezungukwa na tope. Kule kwao hata nywele zilikuwa na rangi ya maembe.

Na mengi niliyaona kwa macho yangu ya kitoto. Vile vistari vyekundu vinavyotokea mashavuni mtu akiona haya, mimi nilijua ni chale za kabila lao, ila nilishangaa chale gani hizo zinazokuja na kuondoka. Bwana Kimya akimwona Majani amependeza, damu ilimtoka puani. Nikajua ni jua. Sisi nyanya alitumwagia maji kisogoni tukitokwa na damu puani, basi niliumia rohoni kwamba kule Uchina, na shule kubwa vile, hakuna hata mtu mmoja wa kummwagia mwenzake maji. Na yale maua yaliyodondoka mitini kama mvua, mepesi, ya waridi, nilijua ni kumbikumbi. Nilingoja mkanda wa kwanza wote nione watu wakiwakusanya na kuwakaanga. Hawakuwakusanya. Nikawaona ni watu wa anasa sana.

Kasoro nazo zilikuwepo, tena watu wa Garsen walizisema waziwazi. Wale watoto hawakuwa na wazazi. Hutaona mama, hutaona baba, nyumba tupu na chakula kiko mezani. Hakuna aliyetumwa maji. Sketi zilikuwa fupi mno, na upepo wa nchi ile ulikuwa na adabu mbaya. Mzee Bakari alimkabidhi mjomba leso ya mkewe na amri kwamba upepo ukianza tu, funika televisheni. Mara nyingine mjomba alichelewa kuifunua, tukawa tunaitazama leso yenye michoro ya korosho huku watu wanaongea nyuma yake, naye anatafsiri bila wasiwasi.

Lakini kasoro kubwa ilikuwa ni ule ukimya. Mchungaji mmoja wa Kiorma, Galgalo, aliyekuja siku za soko na kukaa benchi la mwisho na bakora yake magotini, ndiye aliyeuliza alichokuwa nacho kila mtu moyoni.

“Hii kijana iko na ng'ombe?”

Mjomba akasema hana.

“Basi,” akasema Galgalo, akaegemea ukuta. Kwake jambo lilikuwa limeeleweka. Wakulima wakabisha, wakasema shida si ng'ombe, shida ni shamba. Mzee Bakari akasema shida ni malezi. Wakazozana mpaka Bwana Kimya akala kofi lingine bila kuonwa na mtu.

Mlangoni mwa banda alikuwa akisimama Esta na sinia lake la samaki. Alikuwa msichana wa Kulesa, aliyekuja kukaa kwa dada yake Garsen baada ya maji kupungua, akakaanga kambare ambao hadi leo sijaonja wa kufanana nao. Mimi alinipa vichwa. Mtu akikupa kichwa cha samaki ukiwa mtoto, unamwekea nadhiri, na mimi nilikuwa nimeweka nadhiri kwamba Dada Esta asiondoke Garsen kamwe. Lakini kulikuwa na mtu wa Hola mwenye duka na pikipiki. Alikuja mara mbili, akanunua sinia zima, akaondoka. Watu wakasema ataleta posa wakati wowote, na Esta ataenda Hola na vichwa vyake vya samaki. Hilo lilininyima raha kuliko unavyodhani.

Sasa, katika ule mkanda wa pili, tafsiri ya mjomba ilianza kuwa nzuri kupita kiasi. Bwana Kimya amesimama tu chini ya mti, mdomo umefungwa, na mjomba anasema kwa sauti ya chini, “Anasema moyoni, tangu maji yaliposhuka sijamwona akicheka mpaka leo.” Majani anapita na kisanduku cha chakula, na mjomba anasema, “Harufu ya samaki wake naijua kabla hajafika kona.” Nikajua kwamba Uchina nako wasichana hukaanga samaki, na kwamba kulikuwa na mafuriko huko pia, maskini. Mlangoni Esta alikuwa akipanga samaki ambao walikuwa wamekwisha kupangika.

Wewe msomaji umeshaelewa. Banda zima lilielewa. Walioachwa nyuma walikuwa wawili, mimi niliyekuwa mtoto, na nyanya ambaye hakuwahi kukanyaga banda la video kwa sababu alisema moshi wake ni wa jehanamu. Mjomba hakumwambia mtu yeyote. Posa hupelekwa na wazee, na wazee lazima wapitie kwa nyanya, na mwanamume asiye na shamba wala mtumbwi atatuma wazee wakaseme nini? Kwamba kijana wetu anajua Kichina?

Mkanda wa tatu ulionyeshwa siku ya soko. Mjomba alikuwa ameahidi tangu asubuhi, akipita vibandani, kwamba leo Bwana Kimya atasema. Watu walijaa hadi nje, wengine wametoboa makuti. Na kweli ikafika. Wawili wale wamesimama juu ya paa la shule, upepo, kumbikumbi wanashuka. Galgalo aliacha kutafuna. Bwana Kimya akavuta pumzi, akafumbua mdomo, na hapo chini ya jengo ikapita treni.

Garsen hatukuwa na treni. Mimi niliiona ikipita ndefu, na kelele yake ikajaza banda, na mdomo wa Bwana Kimya ukafunguka na kufungwa ndani ya kelele hiyo, macho ya Majani yakawa makubwa zaidi ya yalivyokuwa, na treni haikwisha. Ilipokwisha, wimbo ulikuwa umeanza na maandishi yanapanda. Mkanda umefika mwisho.

Watu wakaanza kugonga benchi. Kisha mmoja akasema, Buya, amesema nini? Na mwingine, tafsiri bwana. Mjomba akasema sauti imemezwa na treni.

“Wewe iko karibu,” akasema Galgalo. “Sikia.”

Wakacheka, lakini walikuwa wanangoja. Mjomba aliinua fimbo, akaishusha. Akatazama maandishi yanayopanda kana kwamba anaweza kuyasoma. Mtu ambaye sijawahi kumwona amekosa neno, hata siku mtumbwi wake ulipokatika kamba na kuondoka mbele ya macho yake alitupa utani, siku hiyo alisimama na koo likipanda na kushuka. Niliona jasho. Nikafikiri Kichina cha siku hiyo kilikuwa kigumu.

Ndipo Esta akasema kutoka mlangoni, sinia likiwa kiunoni.

“Basi mimi nitatafsiri ya msichana. Anasema hawezi kujibu treni. Anasema wazee kutoka Hola wanafika kwa baba yake Jumapili. Kama huyu kijana ana wazee, nao wana miguu.”

Akageuka akaondoka na samaki wake. Mzee Bakari alizima televisheni kwa mkono wake mwenyewe. Watu wazima walitoka wakitazama vidole vyao vya miguu, wakipishana kwa adabu isiyo ya kawaida, na mjomba akabaki anakunja waya ambao haukuhitaji kukunjwa.

Mimi nilitoka mbio. Nilikuwa na habari ya ajabu kuliko zote nilizowahi kubeba, nayo ni kwamba Dada Esta anajua Kichina, tena bora kuliko mjomba. Nilimkuta nyanya jikoni anakoroga, nikaanza kusema kabla sijavuka kizingiti.

“Nyanya, kule Uchina wazee wa Hola wanaenda kumposa yule msichana Jumapili.”

“Wazee wa Hola wanafanya nini Uchina?”

“Ndivyo alivyosema Dada Esta. Alimwambia mjomba mbele ya watu wote. Amesema kama kijana ana wazee, nao wana miguu.”

Mwiko ukasimama.

“Na mjomba wako akajibu nini?”

“Hakujibu. Treni ilikuwa inapita.”

Mimi nikajua atauliza treni ni nini, nikajiandaa kueleza. Hakuuliza. Alifunika sufuria, akavuta ukuni mmoja nje ili moto upungue, akajifunga leso, akaenda kwa kaka yake mkubwa, na wali wa siku ile tukaula na ukoko.

Jumamosi asubuhi tulikwenda Kulesa. Nyanya, kaka zake wawili wazee, na mimi, kwa sababu nyanya alisema aliyeleta habari hawezi kuachwa nyumbani. Mjomba hakuambiwa. Baba yake Esta alitupokea vizuri mno, maana wakati wa mafuriko jamaa zake walikimbilia kilima cha kwetu, ambako maji hayakufika, na walikula katika chungu cha nyanya mpaka maji yaliposhuka. Wazee wakazungumza kama wazungumzavyo wazee, mbali kwanza, mvua, malisho, nani amepona nani hajapona, wakikaribia polepole kama mtu anayemvizia kuku. Mwisho baba yake Esta akauliza kijana ana nini mkononi.

“Ana tope,” akasema nyanya. “Mto umemwaga tope jeusi shambani kwa marehemu mume wangu, na halijaguswa na jembe. Mikono anayo. Mdomo wake mnausikia hadi huku.”

Kaka yake mmoja akakohoa kuficha kicheko. Esta, aliyekuwa amerudi kwao kwa ajili ya hiyo Jumapili, akaitwa, akaulizwa mbele ya wote kama anajua watu hawa wamefuata nini.

“Baba, mimi nilishajibu,” akasema. “Banda zima lilisikia.”

Mimi nilikuwa nimekaa miguuni pa nyanya nikila muhogo wa kuchemsha, na ninakuapia, hata hapo nilidhani tumeenda kumwombea Bwana Kimya. Nilishangaa tu ukoo wetu unavyojulikana Uchina. Niligundua tulipokuwa tunarudi, nyanya alipoanza kumwita Esta mkamwana, nikasimama katikati ya njia nikapiga kelele za furaha, kwa sababu ya vichwa vya samaki.

Wazee wa Hola walikuja Jumapili, wakakaribishwa, wakala, wakaambiwa kwa upole, wakarudi kwao. Na mjomba? Aliambiwa Jumamosi jioni. Nyanya hakumhubiria. Alimwekea jembe mlangoni akasema, kesho kabla ya jua. Nasikia alilima akiitafsiria migomba.

Kwa hiyo nikisema mshenga wa ndoa ile nilikuwa mimi, usinicheke. Wengine husomea diplomasia. Mimi niliifanya na kamasi puani.

Siku hizi binti yangu Neema, aliye kidato cha pili na anayesoma vitabu vinene kuliko matofali yangu, anazitazama katuni za namna hiyo kwenye simu, maneno yameandikwa chini. Mimi hukaa karibu nikajifanya napiga hesabu. Hazijabadilika. Wazazi bado hawapo, upepo bado hauna adabu, kijana bado anajikwaa penye nafasi, na bado hasemi. Nilimwambia Neema hiyo ni kasoro, mtu mzima hawezi kupoteza vipindi vyote hivyo kwa neno moja. Akasema, baba, utamu wenyewe ni kungoja. Mtoto huyu nimemlipia karo, lakini hilo lilikuwa bure.

Baada ya ile jenereta ya Minjila nilitaka watu wangu karibu. Nikamtuma kijana na gari, gari langu, akawalete mjomba na mkewe waje kula kwangu. Mjomba ana mvi sasa na migomba isiyohesabika. Alikaa kwenye kochi, Neema akamwekea simu mbele, na kabla katuni haijaanza vizuri akanyoosha kidole akaanza kutafsiri. Anasema hivi, anasema vile. Neema akabisha, akasema babu, sivyo ilivyoandikwa hapa chini.

“Walioandika hawakuwepo,” akasema mjomba, akaendelea.

Esta alikuwa kwenye mkeka anachambua mchele, mnene, mtulivu, mikono yake bado inanuka kambare, sifa njema kwake. Na mimi nikakumbuka jambo ambalo sikuwahi kuliuliza. Posa ilipelekwa na wazee. Jawabu lilitolewa kwa wazee. Kila neno zuri mjomba alilitia kinywani mwa Bwana Kimya.

Nikamuuliza, mjomba, na wewe mwenyewe, kwa mdomo wako, ulishamwambia?

Akasimamisha kidole hewani. Akaitazama simu. Koo likapanda, likashuka, kama nilivyoliona siku ile nikiwa nimekaa chini mbele ya televisheni. Neema akanitazama mimi, kisha babu yake.

“Mwache,” akasema Esta bila kuinua macho, akapuliza makapi kwenye ungo. “Treni bado inapita.”